Mjane Aliyetembea Kwenye Shuka

Miaka ile ya hamsini sikujua kukaa kitako. Nikiketi, miguu ilicheza yenyewe chini ya meza. Mama alikuwa akisema nikifa itabidi wanifunge kamba ndipo nitulie kaburini. Ndiyo maana kazi yangu ya kwanza niliipenda mno: nilikuwa mkalimani wa gari la sinema la serikali. Gari lilizunguka Pumwani, Shauri Moyo, Kaloleni, mpaka kwenye nyumba za reli kule Muthurwa. Shuka nyeupe ilitandazwa uwanjani, nami nikashika kipaza sauti na kuwaeleza watu kwa Kiswahili yale yaliyosemwa kwa Kiingereza.

Filamu zenyewe zilikuwa za kunawa mikono, kuchimba choo na kuua mbu. Mwaka mzima nilieleza jinsi ya kuua mbu. Siku moja, mbele ya umati wa Shauri Moyo, yule bwana wa kwenye filamu alipoanza kunawa kwa sabuni, nikasema ananawa kwa sababu ametoka kusalimiana na chifu. Watu walicheka mpaka wakakaa chini. Kesho yake nikaambiwa nirudishe koti la kazi. Sikujuta kuhusu chifu, nilijuta kuhusu shuka, maana nilishazoea kuona watu wakiwaka usoni mbele yake na sikujua nitaipata wapi hali ile tena.

Nilikuwa na rafiki aliyefanya kazi kwenye duka la picha la Mhindi mmoja mjini. Alikuwa mtu mpole, mwenye vidole vyenye madoa ya dawa za kuoshea filamu, na hofu nyingi. Mzungu mmoja aliacha dukani kamera ya sinema, ndogo, ya kutia ufunguo kama saa ya mezani, springi yake imekatika, kisha akaenda likizo kwao ya miezi sita. Rafiki yangu aliitengeneza siku ileile. Ikabaki kwenye rafu, nzima, haina kazi, na kila aliponisimulia habari zake nilihisi mikono inaniwasha. Filamu tupu zilizopitwa na wakati zilikuwa zikitupwa pale dukani. Sitapamba maneno: tuliichukua kamera ya mtu bila ruhusa, tukaahidiana itakuwa imerudi kwenye rafu kabla mwenyewe hajashuka kwenye ndege.

Kutengeneza sinema yetu wenyewe kulikuwa kosa juu ya kosa. Filamu yoyote ilitakiwa kupita kwanza mbele ya wakubwa. Mkusanyiko ulihitaji kibali. Ilikuwa miaka ya hali ya hatari, vipande vya kitambulisho vikikaguliwa kila kona, na jua likitua kila mtu awe ndani. Mimi nilisema basi sinema yetu itaonyeshwa mchana. Rafiki yangu akasema, "Wewe hii mdomo yako itatuweka ndani." Lakini alikuja na kamera.

Hadithi niliitunga mwenyewe. Mwanamke anachukuliwa cherehani yake na tapeli aliyejidai fundi, naye anamwandama mtaa kwa mtaa mpaka anamnasa. Tapeli alikuwa kinyozi wetu wa Majengo, mtaa niliokaa, mwenye sura ya kitapeli ingawa moyo wake ulikuwa safi. Mwanamke alikuwa jirani yangu. Nyumba yao ilitazamana na dirisha la chumba nilichopanga. Mumewe alikuwa mfanyabiashara wa ngozi, mtu mzima aliyemzidi miaka mingi, mcheshi, na nilipokwenda kuomba ruhusa alinikubalia papo hapo. "Atakuwa ndani ya buibui lake," akasema. "Uso hauonekani. Nani atamjua?"

Hapo mume yule, sasa marehemu, alikosea, na alikosea akijua. Majengo kila mtu alimjua kila mwanamke ndani ya buibui. Wanawake ishirini wangeweza kupita wote weusi tii, na mtoto wa miaka mitano akamkimbilia mamake bila kubahatisha. Mwendo ndio ulikuwa uso. Na mwendo wa jirani yangu ulikuwa wa peke yake. Mguu wa kushoto ulichelewa kidogo kufika, kisigino kikigusa vumbi kabla ya kuinuka. Mkono wa kulia ulishika nguo kiunoni. Kabla ya kukata kona alisita kidogo, kama mtu aliyeitwa kwa nyuma akaamua kutogeuka.

Tulipiga picha zake tatu za mwanzo kwa siku mbili: akimpokea tapeli barazani, akigundua cherehani haipo, akitoka mlangoni kwa hasira. Alikuwa hodari. Nilimwambia akasirike, akaniuliza, "Nikasirike kiasi gani, kaka? Cha kumpiga au cha kumlilia?" Nikasema cha kumpiga. Akatoka mlangoni kwa kishindo hata kinyozi, ambaye hakuwa kwenye picha ile, akarudi nyuma.

Wiki iliyofuata mumewe alishikwa na homa, na siku ya tatu tukamzika. Mjane akaingia eda. Miezi minne na siku kumi, nguo nyeupe, hatoki nje ya nyumba, haonekani na mwanamume asiye maharimu wake. Nililijua hilo tangu utotoni na sikuwa na neno. Niliwasaidia kubeba maji ya wageni, nilisoma hitma pamoja na wengine. Lakini nikirudi chumbani nilihesabu. Miezi minne na siku kumi, na Mzungu wa kamera alikuwa amebakiza mitatu na nusu.

Mwezi wa kwanza nilivumilia. Wa pili ulinishinda. Katika mwezi ule wa pili askari walizungusha seng'enge kwenye mtaa, nguzo kwa nguzo, kukawa na lango moja la kuingilia. Nilihisi seng'enge ile imezungushwa shingoni mwangu. Nikakata shauri: picha zilizobaki zote ni za kuandama, mwanamke anaonekana kwa mgongo, ndani ya buibui. Mwanamke mwingine yeyote angefaa.

Haikuwa kweli. Tulimjaribu dada wa kinyozi, akatembea kama anakwenda kudai. Tulimjaribu binamu yangu, akatembea vizuri sana, na ndilo lililokuwa tatizo. "Siye," nilisema kila mara. Rafiki yangu alichoka. "Basi nani?" akaniuliza. Nikamvua binamu yangu buibui, nikalivaa, nikajifunika uso, nikatembea uani kutoka jikoni mpaka kwenye pipa la maji na kurudi.

Kinyozi aliacha kutafuna. Rafiki yangu alinitazama muda mrefu, kisha akainama kutia kamera ufunguo. Nilidhani wamestaajabu ufundi wangu na nikajisifu moyoni.

Tulitoka asubuhi ya siku ya soko. Kamera ilikuwa ndani ya kikapu cha ukindu, imefunikwa mchicha, nacho kimetobolewa tundu ubavuni. Kinyozi alitangulia na kichwa cha cherehani ndani ya kitambaa, mimi nikafuata ndani ya buibui, rafiki yangu akitembea nyuma na kikapu chake begani mithili ya mtu anayepeleka mboga nyumbani. Tukapita kando ya seng'enge, tukapita langoni. Siku zile mwanamume akikamatwa na buibui hakuulizwa mara mbili: alikuwa mtoro au alibeba risasi. Askari wa langoni alinitazama, akasogea pembeni, akasema, "Pita, mama." Nikapita, nikichelewesha mguu wa kushoto. Sijawahi kuogopa vile na sijawahi kufurahi vile.

Rafiki yangu aliiosha filamu yote kwa pamoja, kwenye karai, nyuma ya duka la tajiri wake siku tajiri alipokwenda harusini. Akaikata na kuiunga. Tukapata mashine ndogo ya kuonyeshea, ya kuzungusha kwa mkono, tukaifunga kwenye betri ya teksi. Bibi mmoja mwenye nyumba, aliyenilea nusu, akatupa chumba chake cha ndani. Madirisha tukayaziba kwa magunia. Tukawaambia watu wakiulizwa waseme wamekuja kwenye posa, na mlangoni kulikuwa na chai na mahamri kuthibitisha.

Wanawake wangetazama kwanza, wanaume baadaye. Ndiyo desturi. Kwa hiyo mimi na rafiki yangu hatukuingia chumbani. Mashine iliwekwa ukumbini, mlangoni pakafungwa leso mbili, na mwanga ukapita kwenye tundu kati yake. Filamu haikuwa na sauti, sauti ilikuwa mimi. Nilisimama nyuma ya leso nikasema maneno ya wote, ya mwanamke, ya tapeli, ya mbwa aliyepita bila kualikwa. Nilichungulia kwenye upenyo nikaona kipande cha shuka tu. Nyuso sikuziona. Nilisikia vicheko, na vicheko vile vilinilevya. Nilirudiwa na ile raha ya uwanjani, safari hii kwa kitu changu.

Picha ya barazani walicheka. Ya kutoka mlangoni walipiga vigelegele. Ikaja ya kwenye seng'enge, na mgongo mweusi ukaonekana ukimfuata kinyozi, mguu wa kushoto ukichelewa. Nami, kwa moto niliokuwa nao, nikanguruma, "Huyo, jirani yetu! Mnamwona? Hakuna asiyemjua kwa mwendo wake. Sasa anakwenda sokoni!"

Chumba kikanyamaza. Nilidhani wameshikwa na hadithi.

Kisha sauti moja ya mwanamke ikauliza polepole, "Hii seng'enge ilitiwa lini?"

Mwingine akajibu, "Baada ya arubaini ya marehemu."

Na wa tatu, sauti niliyoijua, ya mama mzazi wa marehemu, ikasema, "Zimeni."

Rafiki yangu aliacha kuzungusha. Nilisikia mikeka ikikunjwa na wanawake wakitoka kwa mlango wa uani bila kuzungumza. Wanaume waliokuwa wakingoja zamu yao waliambiwa warudi makwao.

Kufikia magharibi Majengo nzima ilikuwa na habari. Mjane ametoka eda. Ametoka mchana kweupe, amepita langoni mbele ya askari, ameandamana na kinyozi mpaka sokoni, na picha ipo. Mama mkwe alikuwa amemwahidi kwamba baada ya eda atabaki pale nyumbani kama mwanawe, kwenye chumba kilekile. Sasa akatangaza kwamba mkwewe atarudishwa kwao pwani kwa gari-moshi la kwanza eda ikiisha, na barua itamtangulia kueleza kwa nini. Kwao walikuwa watu wa dini na wa maneno machache. Binti aliyerudishwa na barua ya namna ile hakuolewa tena, wala hakukaribishwa harusini. Mjane aliapa kwamba hakutoka. Wakamwambia macho ya wanawake thelathini hayawezi kukosea pamoja.

Niliwatuma rafiki yangu na kinyozi waende kueleza kwamba si yeye. Wakajibiwa kwamba watu wa sinema ni kundi moja, watateteana. Kinyozi akataka kusema alikuwa dada yake. Nikamwuliza, "Na wakimwambia dada yako atembee?" Rafiki yangu alinishika mkono. "Sikiliza," akasema. "Ukisema ni wewe, hiyo maneno haitabaki ndani ya nyumba. Mtaa huu una masikio ya kulipwa. Mwanaume na buibui, kwenye lango? Watakupeleka kambini. Na kamera je? Mwenyewe anakuja wiki ijayo." Hakuwa mwoga bure. Yote aliyosema yalikuwa kweli, na nilimchukia kwa muda kwa sababu ya ukweli wake.

Siku mbili nilizunguka. Niliona dirisha la mjane limefungwa mchana kutwa. Nilikwenda Kaloleni nikarudi, nikaenda Muthurwa nikarudi, nikitafuta njia ya kumwokoa bila kujitia mimi mwenyewe. Nilijionea aibu kila nilipogundua kwamba ndicho ninachotafuta. Mdomo wangu ndio uliomponza. Alikaa ndani kama alivyotakiwa, akiswali na kuvuta tasbihi, na mimi nilimtoa barabarani kwa sauti kubwa.

Siku ya tatu baada ya swala ya alasiri nilikwenda kwa mama mkwe nikiwa na buibui ndani ya mfuko. Nyumba yao ilikuwa kama nyingi za Majengo: ukumbi mrefu katikati, vyumba kushoto na kulia, uani nyuma. Mama mkwe alikaa kwenye kiti kidogo ukumbini, na binti zake wawili, wifi za mjane, pembeni. Mlango wa chumba cha mjane ulikuwa na pazia, na nyuma ya pazia nilisikia tasbihi ikidondoka chembe kwa chembe.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Umekuja kutuonyesha sinema nyingine?"

"Nimekuja kusema kwamba mkweo hakutoka. Yule ni mimi."

Wifi mmoja akacheka. Mama mkwe hakucheka. "Mwanangu," akasema, "mimi nimeishi na mwanamke huyu miaka miwili. Nikiwa usingizini namjua akipita. Usinitukane nyumbani kwangu."

Sikujibizana naye. Nililivaa buibui mbele yao, nikafunika uso, nikatembea. Kutoka mlango wa barazani mpaka mlango wa uani ni hatua kumi na nane. Niliuacha mguu wa kushoto uchelewe. Nilishika nguo kiunoni. Nilipofika mlango wa uani, kabla ya kugeuka, nikasita.

Yule wifi aliyekuwa akicheka aliacha. Mama mkwe alikuwa amesimama.

"Rudia," akasema.

Nikarudia. Niliporudi mbele yake alinifunua uso kwa mkono wake mwenyewe, akanitazama kana kwamba nilikuwa nimefufuka. Kisha akakaa. "Ndiye," akawaambia binti zake. "Ndiye hasa. Basi mtoto wa watu hakutoka." Machozi yakamtiririka, akamwomba Mungu msamaha kwa sauti, akasema kesho yeye mwenyewe atapita nyumba kwa nyumba. Kuhusu buibui na lango, akasema, habari ile haitavuka seng'enge, na yeyote atakayeipeleka kwa askari atamtambua yeye ni nani. Nilihisi kifua kimefunguka. Kwa mara ya kwanza tangu nizaliwe nilitaka kukaa, na nikakaa, sakafuni, na buibui likiwa bado mwilini.

Hapo ndipo aliponiuliza. Hakuuliza kwa ukali. Alikuwa akifuta macho kwa upindo wa leso.

"Na mwendo huu, mwanangu, umejifunza wapi?"

Ningeweza kusema kwenye filamu. Ningeweza kusema alinifundisha wakati wa mazoezi, mumewe akiwa hapohapo. Uongo wa namna ile nilikuwa nao mfukoni kila siku, mkalimani mzima. Lakini nilikuwa nimechoka, na nilikuwa nimesema kweli dakika tano mfululizo, ikaniteleza nyingine.

"Dirishani kwangu," nikasema.

"Lini?"

"Kila asubuhi. Akienda bombani."

"Tangu lini?"

"Tangu alipoolewa hapa."

Nyuma ya pazia tasbihi ikanyamaza. Mama mkwe alikunja leso yake mara nne, akaiweka pajani. Wifi wakatazama chini. Hakuna aliyenifukuza. Niliondoka mwenyewe, na mlangoni nikakumbuka kuvua buibui.

Kamera ilirudi kwenye rafu siku moja kabla ya mwenyewe kurudi, na akalipa kwa springi bila kuuliza kitu. Mama mkwe alitimiza neno lake. Alipita nyumba kwa nyumba, jina la mjane likasafishika, barua haikuandikwa. Lakini sehemu ya pili ya habari nayo ilitembea. Haikuhitaji kupita nyumba kwa nyumba. Nilikuwa nikikatiza mtaani wanawake waliokuwa wakizungumza wakatulia. Sikumbuki kama niliona haya. Nakumbuka nilikuwa nikihesabu siku zake za eda kuliko alivyozihesabu mwenyewe, na nilikuwa na maneno niliyoyapanga, ya heshima, ya kumfikia kwa njia zinazofaa.

Eda ilipokwisha alikuja mwenyewe. Alisimama nje ya dirisha langu pamoja na wifi zake wawili, wote watatu ndani ya buibui, wa kimo kimoja. Nilifungua mlango, na maneno yote niliyokuwa nimepanga yakanipotea.

"Kaka," akasema, "nipe ile filamu."

Nikaingia ndani, nikatoa kopo chini ya kitanda. Ilikuwa ndiyo filamu yetu ya pekee, hatukuwahi kutengeneza nyingine. Nikampa. Nikamwambia anisamehe, sikukusudia watu wadhani ametoka.

"Mimi sikutoka," akasema. Sauti yake haikupanda. "Siku wanawake walipotazama sikutoka. Siku ulipotembea ukumbini sikutoka. Miaka miwili yote nikienda bombani nilidhani naenda bombani tu. Wewe ndiye uliyenitoa."

Akalitia kopo chini ya buibui, wakageuka, wakashuka njia ya bombani wote watatu. Walitembea hatua fupi, za haraka, zilizolingana. Nilisimama mlangoni nikiwatazama mpaka wakafika kwenye kona, wakaikata bila kusita, na sikuweza kujua yeye alikuwa yupi.